Sauti ya Mama Mahakamani

Siku hizi kesi ya shamba huamuliwa na marehemu mwenyewe: mahakama huiuliza sauti yake iliyohifadhiwa kwenye mashine, nayo hujibu. Ya mama ilisema, "Shamba ni la Mwakio."

Nikasimama. "Mheshimiwa, kaka alipewa jina la baba mkwe wa mama. Mama hakulitamka hata siku moja. Alimwita kaka Mkwe, kwa heshima."

Mwakio akacheka. "Dada, sasa unabishana na marehemu?"

Hakimu alitoa zuio nisihamishwe shambani, sauti iulizwe upya. Nikarudi nyumbani, nikapalilia kaburi la mama kati ya migomba.

Leo sauti imeulizwa tena. Ilikohoa kidogo, kama mama, ikasema kwa upole, "Shamba ni la Mkwe wangu."

Mwakio hakunitazama. Neno lile mashine ililipata kwangu, siku ile nilipobisha.