Mtu wa Hapa Hapa

"Kata! Vua hiyo miwani!" alifoka Kuriakose, mwongozaji wa filamu.

Ouseph akavua miwani ya jua shingo upande. Alikuwa muuza chai tangu ujana wake, lakini alipoambiwa aigize muuza chai alikuja na masharubu yaliyopakwa rangi, akaupandisha msuli aliojifunga kiunoni kwa teke kama mashujaa wa sinema, na chai akaimimina kwa madaha hadi nusu ikaishia chini.

"Ouseph, kaka yangu, kuwa wewe tu."

"Si ndiyo mimi huyu, mzee!"

Kijiji kizima kilikuwa hivyo. Kila aliyesimama mbele ya kamera aligeuka shujaa, na upigaji picha wenyewe ulikuwa kesho.

Maji yalimfika Kuriakose shingoni. Katika filamu iliyopita alileta mwigizaji kutoka Mumbai asiyejua Kimalayalam, lugha ya jimbo lao la Kerala. Mdomo ukaenda huku, sauti kule, na Kerala nzima ikamcheka. Safari hii aliapa magazetini kwamba muuza chai wake atakuwa mtu aliyezaliwa katika ardhi hii. Thankachan, mwenye pesa za filamu, naye hakumung'unya maneno: tukichekwa tena, filamu anapewa mwingine.

Ndipo macho ya Kuriakose yakaangukia benchi la nje ya kibanda. Mwanamume mmoja mwenye vumbi la matofali alikuwa akila ndizi ya kukaanga, msuli umepandishwa magotini, anailaumu serikali kwa bei ya samaki. Mwalimu Devaki, bibi mstaafu, akapita. Yule bwana akasimama na kuushusha msuli hadi miguuni kwa heshima, huku lawama zake zikiendelea bila kukatika.

Kuriakose nusura alie kwa furaha.

"Nani yule?"

Ouseph alimtazama mtu wa benchini, kisha akaitazama miwani yake. Akatabasamu.

"Rajan? Mteja wangu wa kila siku. Mchukue tu, mzee. Hutapata wa kumfikia."

Rajan akawekwa nyuma ya birika. Alimimina chai bila kudondosha tone, na mama muuza samaki alipopita, akamdaka: "Mama weee, dagaa hao umewavua au umewafufua?"

"Kamfufue babu yako!" alijibu mama. Wapiga picha walicheka hadi kamera ikatikisika.

Kuriakose akampigia simu Thankachan papo hapo.

"Nimempata! Wa hapa hapa, damu na mfupa! Waite waandishi wa habari."

"Nilishawaita. Wako njiani."

Kuriakose alishusha pumzi. Akamshika Rajan bega.

"Mwanangu, hebu niambie, mbona wewe huigi sinema kama wenzako?"

"Ukumbini siendi, mzee. Wao wanatazama sinema, mimi jioni nakaa hapa nawatazama wao."

Kuriakose akacheka hadi machozi. Utani huo! Nani angeuweza ila mtoto wa nyumbani?

"Nipeleke kwenu kabla waandishi hawajafika. Nataka kumshukuru mama aliyekulea kama mtu wa Kerala namna hii."

Rajan akakuna kichwa kwa haya.

"Atafurahi sana, mzee. Ila mpaka kwetu Bengali ni siku mbili kwa treni, na mama hajui Kimalayalam hata neno moja."