Barua Isomwe

"Isomwe hiyo barua, Mheshimiwa Jaji. Isomwe kila mtu asikie."

Ilikuwa mara ya tatu asubuhi ile mkuu wa masjala kusema hivyo. Ofisini walimwita Kesho, maana kila aliyefuata faili kwake aliambiwa arudi kesho. Leo yeye ndiye alikuwa na haraka. Wakili hakuweka, alisema mawakili wote lao moja.

Alikuwa ameishtaki serikali kwa kumhamisha. Barua ya uhamisho ilimpa siku thelathini awe ameripoti kituo kipya, safari ya siku mbili, na nyumba ya serikali airudishe. Hapo kwenye nyumba ndipo palipomuuma. Walihamia humo miaka mitatu nyuma, alipopewa cheo, mama yake akiwa bado anaona. Giza lilimkuta bibi wa watu humo humo. Alizijua hatua tisa za kutoka kitandani hadi bombani, aliujua mlango unaokwaruza, na vyombo vyake aliosha mwenyewe.

"Ukinitoa hapa," alimwambia mwanawe, "utakuwa umenipofusha mara ya pili."

Siku hiyo hiyo Kesho akaenda kufungua kesi. Sasa mama alikuwa benchi la nyuma, fimbo mapajani, ametega sikio.

Mkurugenzi mpya alitoa ushahidi kwa sauti kavu. Wiki yake ya kwanza tu alilikuta sanduku la maoni ukutani limeshika kutu, ufunguo haujulikani ulipo. Kulifungua ni kazi ya masjala, na masjala hawakuwa na habari nalo. Akaagiza kufuli livunjwe. Ndani mlikuwa na barua moja, haina jina wala tarehe, ikimlalamikia mkuu wa masjala. Alichunguza, akaona yaliyoandikwa kuhusu faili ni kweli tupu.

"Majungu," Kesho alifoka. "Na aliyeandika namjua."

Akageuka, akamkazia macho msaidizi wake, mwanamke mpole aliyeletwa kama shahidi. Tangu mkuu wa zamani aondoke ghafla na yeye kukalia kile kiti, Kesho hakumwamini mwanamke huyu hata chembe. Aliieleza mahakama kwamba anakitaka cheo chake, anamchekea usoni huku anamchimba. Msaidizi aliinamisha kichwa, machozi yakimlenga. Kesho hakumhurumia.

"Aliyeandika barua hiyo hana utu," alisema. "Anataka kumtoa mtu nje na watu wake ili apate kiti. Huyo hajui uchungu wa mama."

Wakili wa serikali alisimama, akapendekeza jaji aisome mwenyewe ofisini kwake. Lugha ya barua si nzuri, alisema, hakuna haja ya kumwaibisha mtu mbele ya mama yake. Kesho akacheka kwa dharau. Walikuwa wanaficha nini? Mama naye asikie mwanawe anavyoonewa.

Jaji akaguna, akampa karani wa mahakama ile karatasi.

"Mkuu wa masjala ni kupe mgongoni mwa umma," karani alisoma. "Faili likiingia kwake limeingia kaburini. Naomba ahamishwe, apelekwe mbali ambako hata barua haifiki. Na ile nyumba ya serikali anayojitanulia peke yake apewe mtumishi mwenye mzazi wa kumtunza."

Kesho aliiegemea meza kwa mikono miwili.

Nyuma fimbo iligonga sakafu. Mama alikuwa amesimama, uso ameuelekeza pale alipoisikia mara ya mwisho sauti ya mwanawe.

"Mwanangu," alisema, "mbona hiyo ndiyo ile uliyonisomea jikoni, ya kumng'oa yule mzee wa kabla yako? Si uliniambia ilifika?"