Aproni Mbili

Bata mzinga wa arobaini alipopita mikononi mwa Marlys Dobbins, vidole vyake vilikuwa vimekwisha kufa ganzi kwa barafu. Akampachika kwenye boksi juu ya viazi, akamkabidhi mama mmoja aliyevaa koti la jeshi, akamtakia sikukuu njema. Alikuwa akiwagawia watu kile kile alichokifuata yeye.

Asubuhi ile alikuwa ameendesha gari saa moja na nusu, akavuka wilaya mbili, hadi kwenye kanisa hili lililogawa chakula cha msaada, ambalo watu wa mtaani kwake hawakuwa na sababu ya kulijua. Alhamisi ilikuwa Siku ya Shukrani, na mwaka huu zamu ya kulisha majirani ilikuwa yake. Watu kumi na wanne wangekaa mezani kwake wakimsubiri bata mzinga, na ndani ya friji yake mlikuwa na haradali na maziwa ya kutia kwenye kahawa.

Dale, mumewe, alikuwa ameachishwa kazi kiwandani tangu Machi. Mtaani hakuna aliyejua. Kila Jumamosi Dale alikata nyasi na kuosha gari kama zamani, maana nyasi zikirefuka watu huanza kuulizana. Marlys angeweza kusema mwaka huu hawezi, zamu ipite kwa mwingine. Lakini huku kwetu Ohio mtu atakiri talaka, atakiri ulevi, atakiri hata kifungo cha mwanawe. Kukiri kwamba hana, hathubutu. Tunakufa na tai shingoni.

Basi aliegesha gari lake jekundu uani, akajifunika kofia ya koti, akasimama kwenye foleni iliyosogea taratibu. Mbele yake walikuwa wamebaki watu watatu alipoinua macho, na nyuma ya meza akamwona Candace Pruitt, jirani yake wa nyumba ya tatu, yule mwenye boti, amejifunga aproni ya rangi ya chungwa.

Candace naye akamwona.

"Marlys, shoga yangu! Nawe umekuja kusaidia?"

"Eh, si ndiyo," alisema Marlys. "Utakaaje nyumbani wakati wenzako wana shida?"

Bi Vernice, mama mtu mzima aliyesimamia ugawaji, alimshukuru Mungu kwa sauti na kumvalisha aproni kabla hajapata neno jingine. Marlys akanasa hapo.

Akajipa moyo kwamba Candace angeondoka mapema, naye avue aproni na kuomba boksi lake kimya kimya. Chakula kilikuwepo. Lori lililokileta lilijaa hadi mlangoni bata, maboga na mahindi ya kopo, mji mzima ungekula na kusaza. Lakini saa sita ikapita, saa saba ikapita, Candace yupo. Kila Marlys alipomwibia jicho, alimkuta naye anamtazama. Akamshawishi aende akapumzike, yeye angemalizia. Candace akakataa katakata, akasema aanze kwenda Marlys, ndiye mwenye wageni.

Marlys akacheka, cheko la meno tu. Moyoni alimchukia. Alimchukia kwa aproni yake iliyokuwa bado na mikunjo ya kabatini, na kwa kuja kutalii kwenye shida za watu.

"Boti yenu mwaka huu hamkuishusha kabisa ziwani," alimwambia.

"Iko kwa fundi tangu Julai," alisema Candace. "Si unawajua mafundi." Kisha akamwuliza maboksi matupu yanawekwa wapi. Marlys hakujua. Ikabidi wakamwulize Bi Vernice.

Saa tisa foleni ilikwisha, na bata alibaki mmoja. Bi Vernice akamleta mezani, akajifuta mikono.

"Haya, wanangu. Mmesimama tangu asubuhi. Mmoja wenu amchukue huyu."

Marlys alimtazama yule bata. Alikuwa mnene, angewatosha wote kumi na wanne. Akayahisi macho ya Candace shavuni, kisha akaisikia sauti yake mwenyewe ikisema, "Mpe mwenye shida, mama. Friji yangu haifungi kwa kujaa."

"Hata yangu," alisema Candace haraka, akameza mate.

Wakati huo huo akaingia mwanamume mwenye buti zilizojaa matope. Akavua kofia, akasema bila kuzunguka kwamba amechelewa, kwamba nyumbani hakuna kitu, na kama kuna chochote kimebaki angeshukuru. Hakutumia hata dakika moja. Akatoka na bata kwapani.

Candace akavua aproni, akamkumbatia Marlys kwa nguvu. Akamwambia kwamba Alhamisi ya mwaka huu anaingoja kwa hamu kuliko miaka yote, kisha akaondoka kwa miguu, maana alikuwa ameegesha mbali.

Marlys alisubiri apotee kwenye kona, ndipo akalia. Alilia kwa kwikwi, uso ameufunika kwa mikono. Bi Vernice alimshika mkono, akamsindikiza hadi uani, ambako gari lilikuwa limebaki moja tu. Hapo yule mama akasimama.

"Kumbe hili jekundu ni lako?"

Marlys akaitikia kwa kichwa.

Bi Vernice akalitazama gari, akamtazama na mwenyewe. "Yule mwenzako asubuhi alikuwa kwenye foleni, wa pili kutoka mezani. Alipoliona hili linaingia, akatoka mbio akaniomba aproni."