Hodi ya Nne

Siku hizi mtihani wa tamthilia hauandikwi. Bangili ya mkononi hupima huruma ya mwanafunzi anaposikiliza mchezo. Nasra alikuwa akijizoeza sebuleni. Mwishoni mwa mchezo, mjane mgonjwa hupiga hodi mara tatu na majirani hawamfungulii. Jioni ile Nasra alisikia hodi nne, lakini alama zilikuwa zinapanda, hakutaka kujikatiza. Asubuhi walimkuta jirani yao, Bi Mwanakheri, amekufa kibarazani mwao.

Siku ya mtihani Nasra alilia mpaka msimamizi akamshika bega. Akapata alama zote. Mama akapika pilau ya pongezi, akawapakulia majirani, na kwa mazoea akapakua na sahani ya Bi Mwanakheri.

Nasra aliipeleka hivyo hivyo, akapiga hodi mara nne.