Viazi vya Uvunguni

Levina aliporudi kutoka shambani alikuta sufuria imeshaepuliwa. Kwenye ungo kando ya mafiga yalilundikana maganda ya kijani na machipukizi marefu ya zambarau. Mbegu yake ya viazi mbatata, aliyoileta kwa treni toka Uchindile! Aliiweka uvunguni ichipue, aje aipande.

Hasira zikampanda hadi utosini. Akaibeba ile sufuria kwa kanga, akamwaga vyote jalalani.

Mama mkwe wake akaruka. "Mchoyo we! Unaficha chakula uvunguni, sasa unakimwaga mbele yangu?"

"Ni sumu, mama! Kiazi kikishageuka kijani ni cha kupanda, hakiliwi!"

"Sumu gani? Mjukuu wangu kala bakuli zima. Katapika kidogo tu, sasa kalala fofofo, hata nikimwita haitiki."