Ramani ya Njugu

Alikuwepo Kuchakulo mmoja asiye na subira, aliyetunza kwenye kompyuta ramani ya mashimo yote ambamo ukoo wake ulifukia njugu za kiangazi. Siku moja kompyuta ikadai leseni ya mfumo unaoiendesha.

"Nina mfumo wa bure, tena halali," Kobe akamwambia. "Kuuzoea ni siku mbili tu."

"Siku mbili zote hizo?"

Kima akatoa flashi yenye mfumo wa wizi. "Hii ni sasa hivi. Ila zima kwanza kinga ya virusi, isitusumbue."

Kuchakulo akaizima kwa mkono wake mwenyewe.

Kiangazi kilipoingia, ramani ilikataa kufunguka, na kila shimo ambalo ukoo ulilikumbuka lilikuwa limeshafukuliwa, nyayo za Kima pembeni.

Kobe akaja kumwekea ule mfumo wake. Ulifanya kazi vizuri sana. Kuchakulo akaukodolea macho, na hakuwa na shimo hata moja la kuandika.