Kadi ya Pono

Kadi ya pono ilirudi kwa mara ya pili, imejaa wino mwekundu.

Mume aliitupa mezani pamoja na nyingine. "Profesa, umefeli tena," akasema, akacheka peke yake. Kisha akafunga mlango wa mbele, akazungusha ufunguo mara mbili, akautia mfukoni mwa suruali. Madirisha yalikuwa na nondo tangu wahamie. Kufuli la mlango wa nyuma alilinunua yeye.

Mkewe alikuwa mtunzi wa kamusi. Zamani alikuwa na meza yake ofisini. Sasa ni miezi kumi na moja anaandikia jikoni. Mume alimhamisha bila kumwambia mtu walikokwenda, akaenda ofisini akawaambia mkewe ni mgonjwa, asisumbuliwe, kadi atazipeleka na kuzirudisha yeye. Simu aliichukua siku ileile. Dada wa mke akipiga, hujibu kwa upole kabisa: "Amelala, shemeji. Akiamka nitamwambia." Hata haya hana, jamani.

Mke alibaki na kadi tu. Kila kadi ina neno, maana yake, na mfano wa matumizi. Kabla ya kuzipeleka, mume huzihesabu, huzikung'uta, huziinua kwenye mwanga aone kama kuna kikaratasi kimebandikwa. Kuzisoma, hazisomi. "Mimi na samaki wapi na wapi?"

Hapo ndipo mke alipopata wazo. Kamusi ilikuwa imefika herufi P, upande wa samaki. Pono ni samaki wa miambani, mwenye rangi nyingi na mdomo kama wa kasuku. Wavuvi husema akishalala, hata ukimshika kwa mkono haamki. Ndiyo maana mwenye usingizi mzito huambiwa analala usingizi wa pono. Maana hiyo aliiandika bila shida. Kwenye mfano akaandika: *Mume wangu amenifungia ndani, ufunguo anao yeye, naye hulala usingizi wa pono.*

Alidhani mhariri atashtuka. Walikaa meza jirani miaka sita, wakigombania feni. Wapi! Kadi ilirudi na mstari mmoja: "Maana safi. Mfano haujakamilika. Taja wakati."

Taja wakati! Alitamani kuitafuna kadi. Lakini angemlaumu nani? Mhariri huyo, siku paa la ofisi lilipovuja, alisahihisha kwanza tangazo la tahadhari, ndipo akatafuta ndoo. Mke akapiga moyo konde, akaongeza: *kila siku, saa nane mchana hadi saa kumi.*

Na sasa ndiyo hii imerudi tena. Kwenye kadi ya papa mhariri alikuwa ameongeza koma. Kwenye ya pweza aliandika, "Huyu si samaki, mhamishe." Kwenye ya pono: "Afadhali kidogo. Taja mahali."

Mke alisogea dirishani, akashika nondo. Ng'ambo ya barabara lilionekana geti la kiwanda cha magodoro, na wafanyakazi wakitoka kwenda kula, wakitaniana kwa sauti. Angepiga kelele, lakini mara ya kwanza alipojaribu, mume aliwatokea majirani na kuwaambia kwa huzuni kwamba homa imempanda kichwani. Walimpa pole.

Aliandika: *katika nyumba inayotazamana na geti la kiwanda cha magodoro.* Sentensi ikawa ndefu kupita kiasi. Mume aliibeba Jumatatu.

Alhamisi ikarudi. Mfano wote ulikuwa umefutwa kwa wino mzito, haisomeki hata herufi moja. Chini yake: "Hauna hadhi ya kamusi. Andika mwingine, wa samaki tu."

Mke aliingia bafuni, akafungulia bomba ili asisikike, akalia. Hakuwa na mtu mwingine wa kumwandikia. Alipotoka aliandika kama mwanafunzi aliyechapwa: *Mvuvi amevua pono wawili.* Akaiweka juu ya nyingine, akampa mume kisogo.

Jumatatu iliyofuata mume alitoka ofisini moja kwa moja, akala, akashiba, akaegemea mlango wa jikoni na kijiti cha meno mdomoni. Mke alikuwa anaosha vyombo.

"Leo kaamua kukuandikia mwenyewe," mume akasema, akipunga kadi. "Kachoka na wewe, Profesa!"

"Iweke mezani. Nina sabuni mikononi."

"Ngoja nikusomee, nione mnavyopoteza siku zenu." Akakohoa kidogo, akasoma kwa madaha kama mtangazaji wa habari. "Mfano wa kwanza umekataliwa, wa pili na wa tatu pia. Tumia huu: *Leo saa tisa mchana, askari walipovunja kufuli la mlango wa nyuma, mwenye nyumba alikuwa bado amelala usingizi wa pono.*"

Alicheka mpaka kijiti kikamdondoka. "Jamaa ana usingizi kama wangu!"

Sahani ilimteleza mke, ikazama kwenye povu.

"Mfano mzuri," akasema.

"Basi mshukuru." Mume alipiga mwayo, akapapasa ufunguo mfukoni kuhakikisha upo, akajitupa kwenye kochi.

Saa nane na nusu alikuwa anakoroma. Mke alifuta mikono, akaingia chumbani kwa ncha za vidole, akapiga magoti, akaanza kutafuta viatu vyake chini ya kitanda.